Heino Eller: je, darasa lilimmeza mtunzi?

Mtaje Heino Eller, mtunzi wa muziki wa Estonia, nje ya nchi yake, na jibu huwa moja: "Aa, yule mwalimu wa Arvo Pärt," mtunzi mashuhuri wa Estonia. Wengine huiona heshima. Mimi naona ndani yake kuna dhuluma kidogo.

Wanaosema ualimu ulimmeza wana hoja. Huyu alianza na fidla St Petersburg mwaka 1907, akajikamua kwa mazoezi hadi mkono ukaumia, akahamia sheria, kisha akaurudia muziki na kuhitimu utunzi mwaka 1920, umri ushafika 33. Mwaka huohuo akaanza kufundisha Tartu, mji wa Estonia, na kuanzia 1940 Tallinn, mji mkuu, hadi alipofariki 1970. Nusu karne ya kusahihisha nota za watoto wa watu! Simfoni, zile kazi ndefu za okestra, kaacha tatu tu, ilhali mwanafunzi wake Eduard Tubin alikamilisha kumi.

Ila kumpima kwa simfoni ni kumwonea. Eller alikuwa mtu wa vipande vifupi. Vya piano peke yake vinakaribia 200. "Videvik", picha ndogo ya okestra kuhusu giza la jioni linapoingia, aliiandika 1917, kabla hajashika chaki. "Kodumaine viis", wimbo wa nyumbani, ni wa piano wa 1918. Mwaka 1953 akaupangia okestra ya ala za nyuzi pekee, bila ngoma wala tarumbeta. Ufupi ulikuwa tabia yake, haukuletwa na uhaba wa muda.

Kama kuna kilichombana, ni historia. Mkewe Anna, mpiga piano Myahudi, aliuawa 1942 chini ya Wajerumani walioikalia Estonia. Waliporudi Wasovieti kuitawala nchi, walitaka muziki mwepesi wenye ladha ya kienyeji, na ule ukali wa kazi zake za kabla ya vita ukapungua. Lawama hiyo huwezi kumtwika mwanafunzi.

Tena waangalie hao wanafunzi. Tubin ni okestra inayounguruma. Pärt wa baadaye ni noti chache na ukimya mwingi. Hakuna aliyemwiga mzee, wala wao hawafanani. Mwaka 1960 Pärt, angali mwanafunzi, alitoa "Nekrolog" kwa mtindo wa toni kumi na mbili, unaozipanga noti zote kumi na mbili bila moja kutawala, na wakubwa wa Kisovieti wakamjia juu. Miaka mitatu baadaye akahitimu, bado yumo katika darasa la Eller.