Logi za seva au Google Analytics, nani anajua wageni wa tovuti yako?

Jamaa mmoja ana duka la spea Kariakoo, tovuti yake niliitengeneza mimi, juzi kanipigia analalamika. Webalizer, programu inayohesabu kutoka kwenye logi za seva, kule kwenye cPanel (paneli ya kusimamia tovuti) inamwonyesha maelfu ya wageni kwa mwezi, Google Analytics inamwambia mia kadhaa tu, na simu za wateja ndo hizo za kuhesabu kwa vidole. Sasa nimwamini nani? Nikamwambia wote wanasema kweli ila hawahesabu kitu kimoja, akaona namzungusha.

Iko hivi. Kila brauza ikiomba kitu kwenye seva, iwe ukurasa, picha au hata kale kaikoni ka kwenye tabu, Apache au Nginx, programu inayoendesha seva, inaandika mstari mmoja kwenye faili, hiyo ndo logi. Kama huu (IP, ile namba ya mtandao ya aliyeomba, nimebadilisha):

203.0.113.45 - - [11/Mar/2025:06:12:09 +0000] "GET /spea/rejeta-noah HTTP/1.1" 404 512 "https://www.google.com/" "Mozilla/5.0 (Linux; Android 10; K)..."

Yaani mtu katoka Google na simu ya Android, anatafuta rejeta ya Noah, kapewa 404, ukurasa haupo. Saa isikudanganye, +0000 ni saa za Greenwich, kwetu hapo ni saa tatu na dakika 12 asubuhi, wengi wanapotea hapa wanadhani wateja wao wanaamka alfajiri kumbe duka lishafunguliwa.

Na mistari ya hivyo ilikuwa mingi, kila siku. Mwaka jana nilipanga upya kurasa nikasahau kuelekeza anwani za zamani kwenda mpya, kosa langu, nakiri. Google Analytics haikunong'ona hata neno kwa sababu ukurasa wa 404 sikuuwekea ile skripti yake, kale kakodi kanakoamka ndani ya brauza ya mgeni kumhesabu, na bila skripti kwake hakuna kilichotokea. Ndo maana mimi logi siziachi. Halafu kuna wanaozuia skripti, kuna wenye bando la kuungaunga ukurasa unafunguka nusu wanatoka kabla skripti haijaamka, hao wote Google hawaoni, logi inawaona.

Lakini upande wa pili nao una hoja, tena nzito. Logi inaandika kilichogonga mlango, haijui kama ni mtu. Toa maboti, yaani programu zinazozunguka tovuti zenyewe: toa Googlebot ya Google, toa AhrefsBot ya Ahrefs, toa GPTBot ya OpenAI inayokusanya maandishi, toa wale vibaka wanaojaribu /wp-login.php (mlango wa kuingilia WordPress) na /.env (faili la siri) usiku kucha wakati tovuti yenyewe wala siyo ya WordPress, hapo maelfu ya jamaa yangu yakaanza kuyeyuka kama barafu juani. Na wengine wanajiita Googlebot kumbe siyo, inabidi uigeuze IP iwe jina la seva, uone kama jina linaishia googlebot.com au google.com, nani ana muda huo kila siku?

Hata ukibaki na watu, kuwahesabu ni shughuli. Mitandao ya simu inawapitisha wateja wengi kwenye IP moja, so unaweza kuona mgeni mmoja kumbe ni mtaa mzima, na kinyume chake mtu mmoja akitoka kwenye wifi ya ofisini akaingia kwenye bando lake anakuwa wawili. Aina ya simu nayo usiitegemee, tangu 2023 Chrome ya Android inaandika "Android 10; K" kwa karibu kila mtu, Tecno na Samsung hutofautishi tena. Ukiwa na Cloudflare mbele, huduma inayokaa kati ya wageni na seva yako, ndo kabisa, inavyovitoa kwenye nakala ilizojiwekea akiba havifiki kwenye seva yako. Hapo skripti inashinda, inakaa kwenye brauza ya mtu, inajua kashuka hadi chini ya ukurasa, inajua kabonyeza namba ya WhatsApp. Logi haiwezi hayo.

Wapenzi wa logi wanapenda kusema njia yao ni safi kwa faragha. Nusu kweli. Data haiendi kwa Google, sawa, lakini mahakama ya Umoja wa Ulaya ilishasema 2016 kwamba hata IP inayobadilika inaweza kuwa taarifa binafsi, na huku kwetu Tanzania tuna sheria ya kulinda taarifa binafsi ya 2022, Kenya ya 2019. Kuweka logi miaka mitatu "huenda zikasaidia" sioni mantiki, wiki mbili zinatosha kwa duka la spea.

Kwa hiyo mimi nikitafuta kilichoharibika nafungua logi na GoAccess, programu ya kuzisoma, nikitafuta wangapi wamevutiwa na nini naangalia skripti, na namba ya Webalizer simwonyeshi mteja tena. Rejeta ya Noah nimeielekeza kwa 301, yaani anwani ya zamani sasa inapeleka moja kwa moja kwenye mpya. Jamaa bado anataka nimpe namba moja tu ya kumtajia shemeji yake.