Ile samasoti ya Surya Bonaly haikuwa hasira

Mtoto wa dadangu ana miaka tisa na siku hizi Jumapili yangu imeisha, lazima nimpeleke tao pale Sunken Car Park akaskeiti. Tunakodi viatu vya magurudumu, yeye anazunguka, mimi nakaa pembeni na chupa ya maji nikihesabu mara ngapi ameanguka. Juzi akaniuliza, anti, kwani kuna watu wanalipwa kufanya hii kitu? Nikamtolea simu nikamwonyesha Surya Bonaly, mskeiti wa barafu, akipiga samasoti kwa Olimpiki ya Nagano, Japani, 1998. Ameirudia mpaka bando ikaisha.

Wakenya wengi Olimpiki hiyo tunaikumbuka juu ya Philip Boit, jamaa alitoka mbio za mita 800 akaenda kuskii kilomita 10, akafika wa mwisho kabisa na Bjørn Dæhlie wa Norway, mwenye ameshinda, akamngoja pale mwisho amkumbatie. Boit mpaka akamwita mtoto wake Dæhlie. Stori tamu. Lakini kwa Olimpiki hiyohiyo kulikuwa na huyu dada mweusi wa Ufaransa na stori yake haikuwa na mtu wa kumkumbatia.

Bonaly alikuwa bingwa wa Ulaya mara tano mfululizo, 1991 hadi 1995. Tano! Halafu kwa dunia akawa wa pili mara tatu, 1993, 1994, 1995, kila mwaka ni mwingine tu anavishwa dhahabu. Ile ya 1994 kule Chiba, Japani, ndo inaniuma: wamefungana na Yuka Sato, majaji wakagawanyika watano kwa wanne, Sato akachukua. Bonaly akakataa kupanda jukwaa, akapandishwa, akavishwa fedha akaivua analia, watu wakamzomea. Na hakuwahi kupata medali ya Olimpiki hata moja.

Sasa nikisema hivi watu huruka moja kwa moja, ni rangi. Mimi sisemi ilikuwa rangi peke yake, kuruka kwake kulikuwa na nguvu ajabu lakini kutua wakati mwingine kulikuwa kunayumba, hata mimi nisiyejua kitu naona. Shida ni ile maksi ya pili. Zamani walikuwa wanapewa maksi mbili, ya ufundi na ya jinsi ulivyopendeza, juu kabisa ni 6.0, na hapo kwa kupendeza ndo kila mtu anaficha yake. Mwenye aliimba kwaya ya shule kwa mashindano ya muziki anajua naongea nini. Mnaimba mpaka ukumbi unasimama, halafu jaji anachukua maiki anasema mmejitahidi ila "hamkuwa na ulaini". Ulaini gani sasa? Bonaly alitoka kwa jimnastiki, ana mapaja na mabega, na wao walikuwa wanataka malaika wa kioo.

Basi tufike Nagano. Ana miaka 24, kano ya kisigino ilikatika 1996 na haijawahi kurudi sawa, ameshaona medali haipo. Katikati ya programu yake ya mwisho anapiga samasoti ya nyuma, kitu ilikuwa imepigwa marufuku tangu miaka ya sabini, na anashuka na mguu mmoja. Mmoja! Kwa chuma nyembamba, kwa barafu. Mimi nilienda mara moja ile rinki ya Panari, Mombasa Road, nikashindwa kusimama tu, nilizunguka nimeshikilia ukuta kama mtu amepata habari mbaya. Huyu amejipindua hewani na akaendelea na kazi.

Walimkata maksi, akamaliza wa kumi, akaacha mashindano. Na hapa ndo sikubaliani na wale husema alichizi, ati alikasirika akaharibu. Mtu amekasirika hashuki na mguu mmoja, jameni, hiyo ni kitu umefanyia mazoezi miaka. Mimi naiona kama barua ya kuacha kazi, imeandikwa polepole, imepigwa mhuri. Ninyi kaeni na maksi zenu, mimi naonyesha hawa watu kile nimebeba muda wote huu.

Na sasa hivi je? 2024 wakubwa wa mchezo wameondoa marufuku, vijana wanaipiga na ukumbi unapiga makofi. Sawa, ni vizuri. Lakini ingekuwa vizuri pia mtu ampigie simu Bonaly mwenyewe.

Dadangu alinipigia jana usiku. Ati mtoto anajaribu samasoti kwa kitanda na ubao umevunjika katikati, na akiulizwa anasema ni anti alinionyesha. Nimetuma ya fundi.