Stelingi wawili kwenye muvi moja

Kwa wanaoingiza muvi kwenye flashi pale Mwanjelwa, Mbeya, katuni nazo zina wateja wake, na wateja wana ubishi wao: Ben 10, kijana anayejigeuza viumbe wa sayari nyingine, na Rex wa katuni ya Generator Rex wakizichapa, nani mkali? Mwaka 2011 chaneli ya Cartoon Network iliwakutanisha kwenye muvi ya Heroes United. Ben anaangukia kwenye dunia ya Rex, wanaanza kwa kutwangana, kisha wanaungana dhidi ya adui mmoja. Mtindo wenyewe si mpya. Kwenye katuni, familia ya Jetsons ya zama zijazo ilikutanishwa na Flintstones wa zama za mawe tangu 1987.

Wanaozipenda muvi hizi husema zinampa mtoto anayemjua Ben peke yake rafiki mwingine. Kweli. Wanaoziponda husema ni biashara tu, stelingi mmoja anatumika kumuuza mwenzake. Hilo nalo kweli, ila halinisumbui. Katuni gani si biashara?

Kinachonisumbua ni kingine. Mtoto wa Uyole anaipata muvi hiyo moja, mfululizo wa Rex hana. Hajui kwamba kwenye dunia ya Rex watu hugeuka majitu kwa sababu ya vimashine vidogo mno vilivyomo miilini mwao. Kwa hiyo Rex anapomvamia Ben aliyejigeuza, akidhani ni jitu lingine, mtoto anaona ngumi tu. Isitoshe, hawa wawili wamefanana mno: vijana wa rika moja, wote wanajigeuza, na waliowabuni ni walewale, kundi la Man of Action.

Linganisha na Jimmy Neutron na Timmy Turner, watoto wa katuni mbili tofauti waliokutanishwa mwaka 2004. Jimmy katengenezwa kwa kompyuta, kajaa kama mwanasesere. Timmy ni mchoro bapa. Timmy akiingia mjini kwa Jimmy anajaa, Jimmy akienda kwa Timmy anakuwa bapa. Mmoja anategemea sayansi, mwingine uchawi wa malaika wake wadogo. Hapo hata asiyewahi kumwona yeyote kati yao anaelewa kwa macho kwamba dunia mbili zimegongana.

Na za kwetu je? Ubongo, watengenezaji wa katuni za elimu wa Dar es Salaam, wana Ubongo Kids, wanaohangaika na hesabu na sayansi, na Akili and Me, ya Akili mwenye miaka 4. Iringa nzima kuna nyumba ambazo wa darasa la nne na mdogo wake wa chekechea wanagombea rimoti kwa ajili ya hizo mbili. Kuwakutanisha kuna hatari: Akili anaweza kugeuzwa mtazamaji wa wakubwa. Mimi ningemwachia yeye usukani, awaulize "kwa nini?" mpaka waishiwe majibu.