Ngoswe wa madesa na Ngoswe wa kuchezwa

Walimu wa Kiswahili mnisamehe ila hili nalisema, tamthilia tunazifundisha vibaya sana. Na sio kwamba vitabu ni vibaya, vitabu viko vizuri kabisa. Chukua Ngoswe ya marehemu Edwin Semzaba, aliyepita sekondari Bongo ni nadra asiijue. Afisa wa sensa anaenda kijijini kuhesabu watu, anafikia kwa Mzee Mitomingi, anamuona Mazoea binti wa mwenye nyumba, kazi ya serikali inaanza kulegea taratibu mpaka makaratasi ya sensa yanaishia motoni. Humo ndani kuna mapenzi, kuna pombe, kuna serikali na makaratasi yake, kuna baba mwenye hasira zake, yaani kila kitu cha kumfanya mtoto wa Form Three asisinzie.

Halafu mtoto anakutana nayo kwenye madesa, yaani zile notisi fupi za kukremu. Ngoswe: msomi, mzembe, hana msimamo. Mitomingi: mlevi, ana wake wengi. Dhamira hizi hapa, jina la kitabu linasadifu yaliyomo, twende kitabu kingine. Anakremu, anaenda kumwaga kwenye pepa ya NECTA, mwezi ujao ukimuuliza Mitomingi ni nani anakuangalia tu.

Mi naona tatizo la hiyo orodha ya sifa ni kwamba mtoto anapewa hukumu kabla hajasikiliza kesi. Mitomingi mlevi, basi, limeisha hilo. Sasa mwambie huyo huyo dogo simama hapo mbele, wewe ndo Mitomingi, huyu kijana wa mjini umempokea kwako, amekula kwako amelala kwako, na sasa hivi ndo umesikia ishu yake na mwanao. Fanya. Hapo hakuna desa la kumuokoa, inabidi aamue mwenyewe, hayo makaratasi anayachoma kwa fujo au anayachoma taratibu huku anamtazama Ngoswe usoni? Ana hasira au ana aibu, maana ni vitu viwili tofauti na mwili unavibeba tofauti. Na je anajua kwamba anachochoma sio mali ya Ngoswe, ni hesabu ya kijiji kizima akiwemo yeye mwenyewe? Ukimchezesha hivyo utashangaa darasa linaanza kubishana lenyewe, wasichana wanauliza mbona hamna aliyemuuliza Mazoea anataka nini, mwingine anamtetea mzee kwa nguvu zote wakati jana alikuwa timu Ngoswe. Huko ndo kufikiri ninakokusema mimi, na ticha hajaandika neno hata moja ubaoni.

Kuna watu watasema hisia zinaziba akili. Sio hoja ya kijinga, Bertolt Brecht yule Mjerumani aliihangaikia sana, hakutaka mtazamaji azame kwenye hadithi mpaka asahau kuuliza kwanini mambo yako hivyo na kama yangeweza kuwa vingine. Lakini ukikaa kwenye mazoezi ya mchezo wowote, hata wa watoto, unaona vyote viwili vinaenda pamoja. Mtu analia kwenye nafasi yake, mwelekezaji anasema simama, rudia, safari hii usilie, halafu wote wanaona kwamba bila machozi imeuma zaidi, wanaanza kujiuliza kwanini. Kwangu mimi darasa lenyewe liko kwenye mazoezi, siku ya onyesho ni sherehe tu na soda.

Ila sasa msinielewe vibaya, sisemi kila igizo linafundisha. Yale maigizo ya siku ya wageni mnayajua. Binti anadanganywa na bodaboda kwa chipsi, anapata mimba, baba anafoka, binti analia, wote wanapanga mstari wanaimba "tusome kwa bidii", mgeni rasmi anapiga makofi anatoa ahadi ya madawati. Dakika ya kwanza tu kila mtu anajua nani mbaya nani mzuri na itaishaje, sasa mtoto afikirie nini hapo? Hata bodaboda mwenyewe hajapewa sentensi moja ya maana ya kujieleza. Hilo ni tangazo lenye nguo za maigizo.

Na inauma zaidi kwasababu nchi hii tulishafanya vizuri kuliko hapo. Mwanzoni mwa miaka ya 80 wataalamu wa sanaa wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, Penina Muhando akiwa mmoja wao, walienda Malya kule Mwanza kufanya sanaa na wanakijiji. Sio kuwapelekea mchezo umeshatungwa. Wanakijiji wenyewe wanasema shida yao ni nini, ikaja ishu ya mimba za mabinti, wanaitengenezea ngoma na igizo, na baada ya kucheza watu wanakaa wanajadiliana. Mada ni ile ile ya bodaboda na chipsi, lakini huku jibu halikuja kwenye gari na mgeni rasmi.

Majirani zetu Wakenya wana tamasha la drama la mashule tangu 1959 na ninawaonea wivu kweli, ingawa nao wana ya kwao. Aprili 2025 wanafunzi wa Butere Girls, shule ya sekondari ya wasichana, walifika kwenye tamasha hilo Nakuru na mchezo wao wa kuikosoa serikali, baada ya mahakama kuamuru waruhusiwe, mabomu ya machozi yakapigwa nje, wasichana wakakataa kucheza bila watazamaji, wakaimba wimbo wa taifa wakaondoka. Hakuna serikali inayohangaika hivyo na kitu kisichofikirisha.

Najua ticha atasema nina wanafunzi themanini na silabasi haijafika nusu, nicheze saa ngapi? Kaka, dada, sijasema mcheze kitabu kizima. Onyesho moja, vipindi viwili vilivyofuatana, madawati yasogezwe ukutani. Wanne wanacheza, waliobaki wana ruhusa ya kusema "simama" na kuingia kuchukua nafasi ya mtu wakiona angefanya vingine. Anza na Mitomingi na kile kiberiti.