Nyota Aliyezikwa Mara Kumi na Moja

Kwenye kikundi chetu cha filamu hapa Dodoma, msanii mwenye kazi nyingi kuliko wote ni jeneza. Kafa kwa ajali, kafa kwa sumu ya mama mkwe, karogwa. Kazikwa mara kumi na moja na hajawahi kudai posho. Upande wake unaoelekea kamera umepakwa vanishi, ungeapa ni mninga. Ule wa pili ni mbao za kreti, bado zimeandikwa USIPINDUE.

Mimi ni mtunza vifaa, yaani mpambe wake. Jumamosi moja tulimaliza kupiga picha Kikuyu, nikampakia kwenye guta kwenda kwetu Chang'ombe. Tumboni nilimjaza bunduki ya mti, sufuria ya mganga na wigi la mama mkwe. Wigi likabanwa na kifuniko, nywele zikaning'inia nje. Sikuziona.

Pale Majengo wauza nyanya walisimama. Mzee mmoja akavua baraghashia. Kugeuka nyuma, bodaboda sita zimewasha taa, zinatufuata mwendo wa kinyonga.

Nyumbani, balozi wa nyumba kumi alikuwa mlangoni. "Nani huyu, mwanangu?"

"Shikamoo mzee. Huyu wa filamu tu."

Bora ningenyamaza. Mtaa mzima ukapata habari kwamba msanii kafariki. Nusu saa haikuisha, turubai limesimama, daftari la rambirambi linazunguka, na jikoni kinamama wanasonga ugali wa mtama, mlenda unachemka. Kila nikifungua mdomo nieleze, nakumbatiwa. "Lia mwanangu, usijikaze!" Na kweli nililia, maana yule mama alinibana mbavu.

Nikaomba angalau tumsubiri mama yangu, kaenda mnadani Msalato. Balozi akaniridhia. "Serikali kuhamia hapa Dodoma tuliisubiri tangu 1973 mpaka 2016, itatushinda saa mbili?"

Mama akaingia na kuku wake kwapani. Jeneza analijua, hulifagilia uvunguni kila wiki. Akapita katikati ya waombolezaji, akafunua kifuniko, wigi likamwangukia miguuni. Mama mmoja akazimia. Mama yangu akachomoa sufuria ya mganga.

"Kumbe ni wewe! Sufuria yangu naitafuta tangu juzi!"

Kimya. Balozi akafunga daftari taratibu. Shilingi 43,500, zote zimeshakuwa ugali na mlenda.

Mwenye guta, aliyelia kuliko wote, akamaliza sahani ya pili, akapangusa vidole, akanisogelea.

"Braza, kuna na hela ya kusubiri."