Kura ya Jaji Sebutinde haikuwa ya Uganda

Tangu Januari 26, 2024, jina la Julia Sebutinde likitajwa Kampala, mazungumzo hugeuka mashtaka. Siku hiyo Mahakama ya Kimataifa ya Haki, ICJ, iliamuru hatua sita za muda, yaani za kulinda haki wakati kesi ikiendelea, katika kesi ya Afrika Kusini inayoishtaki Israel kwa mauaji ya kimbari Gaza, naye Sebutinde, jaji kutoka Uganda, akazipinga zote sita. Wanaomlaumu wanasema mwanamke wa kwanza wa Kiafrika kuketi katika mahakama hiyo ameliaibisha bara lake. Wengi wanaomsifu wanafanya kosa lilelile kwa upande wa pili: nao wanamwona kama mjumbe aliyetumwa.

Lawama ina uzito, na uzito wenyewe uko kwenye hesabu ya kura. Majaji walikuwa 17. Hatua nne zilipita kwa kura 15 dhidi ya 2, na mwenzake katika kupinga alikuwa Aharon Barak, jaji aliyeteuliwa na Israel yenyewe kwa kesi hiyo. Zilizobaki mbili, ya kuzuia na kuadhibu uchochezi wa mauaji ya kimbari na ya kuruhusu misaada ya kibinadamu, hata Barak aliziunga mkono. Zikapita 16 kwa 1, na huyo mmoja ni Mganda. Isitoshe, katika ngazi hiyo mahakama haiamui kama mauaji ya kimbari yametokea. Inapima tu kama haki zinazodaiwa zina mashiko, na kama kuna hatari ya dharura ya madhara yasiyoweza kurekebishwa. Kizingiti ni kifupi, na anayesema hata hicho hakijavukwa ana kazi ya kujieleza.

Amejieleza, ingawa wengi walioisikia kura hawakusoma maoni yake. Aliandika kwamba kiini cha mgogoro ni siasa na historia. Kwamba ushahidi hauoneshi, hata kwa kipimo cha awali, nia ya kuangamiza kundi. Na kwamba Hamas si mhusika katika kesi, hivyo amri ingemfunga mmoja tu kati ya wanaopigana. Hoja ya kwanza ni dhaifu, maana ni kesi ngapi zinazofika The Hague, makao ya mahakama hiyo, bila siasa ndani yake? Ya nia ndiyo nzito. Mkataba wa 1948 wa kuzuia mauaji ya kimbari unayatenganisha na jinai nyingine kwa nia hiyo, hata idadi ya waliokufa iwe kubwa kiasi gani.

Balozi wa Uganda katika Umoja wa Mataifa, Adonia Ayebare, alisema kura ile haiwakilishi msimamo wa nchi. Mitaani ikasomwa kama kumkana. Kumbe alisema tu kile ambacho Mkataba wa mahakama hiyo unasema katika kifungu cha 2: majaji ni huru na huchaguliwa bila kujali uraia wao.

Aliyefuatilia kazi yake hakushangaa kumwona peke yake. Huyu ndiye aliyeongoza tume zilizochunguza polisi wa Uganda mwaka 1999 na, baadaye, ununuzi wa helikopta mbovu za jeshi. Lakini kipimo kizuri zaidi ni kesi ya Charles Taylor, rais wa zamani wa Liberia, katika Mahakama Maalumu ya Sierra Leone. Upande wa utetezi ulipaswa kuwasilisha hoja zake za mwisho za maandishi Januari 14, 2011, ukazileta Februari 3. Majaji wawili walizikataa kwa kuchelewa. Sebutinde, wa tatu, alipinga. Wakili wa Taylor akatoka mahakamani, na Machi Mahakama ya Rufani ikaamuru hoja zipokelewe. Mwaka uliofuata Taylor alihukumiwa miaka 50, lakini baada ya kusikilizwa hadi ukurasa wa mwisho. Hakuna aliyesema siku hiyo kwamba Uganda imemtetea Taylor.

Ushindi wa 2011 hauthibitishi kwamba alikuwa sahihi kuhusu Gaza. Unaonesha kwamba kubaki peke yake si jambo lililoanza na Israel.

Utetezi huu unaishiwa pumzi Agosti 2025, magazeti yaliporipoti kwamba aliwaambia waumini katika kanisa moja Kampala kuwa Mungu anamtegemea asimame upande wa Israel. Kama alivyoripotiwa ndivyo alivyosema, basi amewapa wapinzani wake hoja ambayo kura yake haikuwapa. Jaji asiyetumwa na Uganda hawezi kutumwa na kanisa pia.

Njia ya kulishughulikia jambo hilo ipo, kifungu cha 24 cha Mkataba wa mahakama. Jaji mwenye sababu maalumu ya kutoshiriki kesi humwarifu rais wa mahakama. Rais naye akiiona sababu hiyo humwambia jaji. Wasipokubaliana, mahakama yenyewe huamua. Muhula wake wa pili unaisha Februari 2030.