Hesabu kwanza, lori baadaye

Sheria ya India ya kulinda riziki za wachuuzi wa mitaani ilianza kutumika tarehe 1 Mei 2014. Uti wa mgongo wake ni kifungu cha 3: mchuuzi haondolewi wala kuhamishwa mpaka wachuuzi wote wahesabiwe na wapewe vyeti vya uchuuzi. Utaratibu huo ukipinduliwa, lori la manispaa la kuwaondoa likaja leo na hesabu ikaahidiwa kesho, vifungu vingine vyote havina kazi.

Haki yenyewe ina umri mkubwa kuliko sheria. Mwaka 1989, katika kesi ya Sodan Singh, Mahakama ya Juu ilikubali kwamba kuuza bidhaa kando ya njia ni sehemu ya haki ya msingi ya kufanya biashara, ingawa inaweza kuwekewa masharti. Lakini hukumu haimpi mwenye mkokoteni kitu cha kumwonyesha askari aliyemsimamia. Cheti kinampa.

Anayehesabu ni Kamati ya Uchuuzi ya Mji. Wachuuzi wasipungue asilimia 40 ya wajumbe, wachaguliwe na wenzao, na theluthi yao wawe wanawake. Hapa ndipo mambo hukwama mapema. Uchaguzi unahitaji daftari la wapiga kura, daftari linatokana na hesabu, na hesabu ni kazi ya kamati ambayo bado haijachaguliwa. Manispaa isiyotaka kufanya kazi inaweza kuzunguka humo miaka na miaka. Naona dawa ni kamati ya muda yenye kazi moja tu, kuhesabu, na tarehe ya kuvunjwa iliyoandikwa tangu siku ya kwanza.

Hesabu ya saa nne asubuhi ni hesabu mbovu. Muuza chai ya alfajiri ameshafunga, na wa vyakula vya usiku hajafika. Mtaa mmoja upitiwe alfajiri, mchana na usiku, na tena siku ya gulio. Andika bidhaa, saa za kazi na ukubwa wa nafasi, piga picha, kisha mpe mchuuzi stakabadhi palepale kabla hujasogea kwa jirani yake. Jina liwe la yule anayesimama pale kila siku. Akiwa ni mke, lisiandikwe la mume.

Halafu kuna asilimia 2.5. Maeneo ya uchuuzi yanatakiwa kuwachukua wachuuzi waliohesabiwa hadi kiwango hicho cha wakazi, yaani watu 10,000 katika mji wa watu 400,000. Eneo moja likijaa, inapigwa kura ya bahati, na waliokosa wanapewa nafasi katika eneo la jirani. Kwa hiyo anayesema “hapa pamejaa, nenda zako” amesoma nusu ya sheria. Soko la asili, lile ambalo wauzaji na wanunuzi wamelizoea kwa muda mrefu, haliruhusiwi hata kutangazwa eneo la marufuku.

Kuondolewa kunahitaji notisi ya siku 30. Bidhaa zikikamatwa, mchuuzi lazima apewe orodha yenye sahihi ya ofisa. Asiache kuidai, kwa sababu bila orodha hana namna ya kuthibitisha kwamba sanduku lilikuwa na viatu jozi 12 na si 7. Akizidai, zisizoharibika zirudishwe ndani ya siku mbili za kazi, na zinazoharibika siku ileile. Hapo pa mwisho sheria ni dhaifu mno. Nyanya zilizochukuliwa asubuhi na kurudishwa jioni zimeshapondeka, na wanunuzi wamekwenda. Ilipaswa kuhesabu saa.

Udhaifu mkubwa zaidi uko kwenye adhabu. Mchuuzi anayeuza bila cheti au kukiuka masharti yake anatozwa hadi rupia 2,000. Anayekaa baada ya notisi kuisha anatozwa hadi rupia 250 kwa siku. Ofisa anayebomoa vibanda kabla ya hesabu hakuwekewa faini yoyote humo, na kifungu cha 27 kinakataza polisi kuwasumbua wachuuzi bila kutaja adhabu. Tena mwenyekiti wa kamati ni kamishna wa manispaa, yaani mkuu wa ofisi ileile inayotuma malori. Kiti hicho apewe mtu asiye na mamlaka juu ya malori, na gharama ya mali iliyochukuliwa bila orodha ikatwe kwenye mshahara wa aliyetia sahihi amri.